UKALI SI NGUVU: MAZUNGUMZO JUU YA PILIPILI NA POMBE KALI

(Mazungumzo yaliyotolewa katika mkutano wa mwaka wa wanafunzi wa zamani)



Katibu aliponiandikia kuniomba nizungumze mbele yenu, aliniachia uhuru wa kuchagua jambo lolote, mradi lisiwe siasa wala mishahara ya serikali. Nimechagua jambo ambalo wenzangu huniuliza kila wafikapo nyumbani kwangu, yaani ile chupa yenye pilipili inayokaa kabatini. Nilisoma kemia katika Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, na ingawa siku hizi nashika mafaili kuliko neli za maabara, jikoni pangu pamebaki maabara.

Najua kuna vijana hapa. Sheria haimruhusu aliye chini ya miaka 18 kuuziwa pombe, na kanuni za shule hii mnazijua kuliko mimi. Kwa hiyo tugawane. Kemia ni yenu, mapishi ni ya wazee, na hatari nitakayoieleza mwishoni ni yetu sote. Wenzetu ambao dini au hiari yao haiwaruhusu kileo nao wana fungu lao: nitaeleza jinsi ya kutumia siki.

Tuanze na pilipili yenyewe. Pilipili manga, ile nyeusi, asili yake ni India. Hizi nyekundu ni ukoo mwingine kabisa. Asili yake ni Amerika, nazo zilienea duniani baada ya 1500 kwa merikebu za Wareno na wenzao. Majina yake hutatanisha. Bara tukisema hoho twamaanisha ile kubwa isiyowasha, ambayo Zanzibar huitwa pilipili boga. Lakini katika kamusi za zamani hoho ni ile inayowasha. Basi ukimtuma mtu sokoni, mweleze unataka ipi: ndefu nyekundu, pilipili kichaa ile ndogo, au pilipili mbuzi ya mviringo yenye harufu nzuri. Akikosea, wageni wako watalia.

Kinachowasha ndani ya pilipili huitwa kapsaisini. Watu wengi hudhani kinakaa katika mbegu. La hasha. Hutengenezwa katika ule utando mweupe unaoshika mbegu, na mbegu huwasha kwa kuwa zimegusana nao. Jambo la pili, nanyi vijana liandikeni: kapsaisini haipendi maji. Katika maji huyeyuka kidogo mno, bali katika mafuta na katika alkoholi huyeyuka vizuri. Ndiyo maana aliyeunguzwa na pilipili akinywa maji hapati nafuu, akinywa maziwa hupoa. Na ndiyo maana pombe kali hunyonya moto wa pilipili kwa saa chache tu.

Siri hiyo ilitumiwa na mfamasia wa Marekani, Wilbur Scoville, mwaka 1912. Aliloweka pilipili katika alkoholi, akaizimua kwa maji ya sukari kidogo kidogo mpaka waonjaji wasisikie tena mwasho, kisha akahesabu ameizimua mara ngapi. Vipimo vya ukali wa pilipili hadi leo hubeba jina lake. Hoho ni sifuri. Pilipili kichaa huvuka 50,000, na jamii ya pilipili mbuzi huvuka 100,000.

Sasa nifike kwenye kiini cha mazungumzo yangu. Mwaka 1997 mwanasayansi David Julius wa Marekani na wenzake walikigundua kipokezi katika neva kinachoamshwa na kapsaisini, na mwaka 2021 yeye na Ardem Patapoutian walipewa Tuzo ya Nobel kwa uvumbuzi wao juu ya hisia za joto na mguso. Kipokezi hicho hicho ndicho kinachotuambia kwamba kitu ni cha moto. Na alkoholi nayo hukichokoza: hukifanya kiamke hata kwa joto la kawaida la mwili. Maana yake ni kwamba mdomo wako hauna njia ya kutenganisha ukali wa pilipili na ukali wa pombe. Ulimi huripoti moto. Hauripoti nani aliyeuwasha. Kwa hiyo ndugu zangu, ukali si nguvu, wala si dalili ya usafi.

Tukiwa tumelijua hilo, twende jikoni.

Nunua dukani chupa ya mililita 750 ya pombe kali isiyo na rangi, yenye lebo kamili na kizibo ambacho hakijafunguliwa. Vodka ni nzuri kwa kuwa haina ladha ya kushindana na pilipili. Jin nayo yafaa. Asilimia 40 ndiyo hasa. Konyagi yetu ya asilimia 35 hufanya kazi ile ile, ila taratibu kidogo.

Chukua pilipili ndefu nyekundu mbili, au pilipili kichaa moja tu, mbichi na isiyo na doa. Ioshe na uikaushe vizuri. Vaa glavu, au paka mikono mafuta ya kupikia kisha uioshe kwa sabuni baada ya kazi, wala usiguse macho. Pasua kwa urefu, toa mbegu pamoja na ule utando mweupe. Tia katika chupa safi ya kioo yenye mdomo mpana, mimina pombe mpaka pilipili izame yote, funika, uweke kabatini mbali na jua.

Hapo saa ndiyo mpishi. Kwa pilipili kichaa, onja tone moja baada ya saa mbili, kisha kila baada ya saa mbili au tatu. Kwa ile ndefu, onja asubuhi na jioni. Siku moja au mbili zinatosha. Wengi huiacha pilipili humo wiki nzima kwa kuwa chupa inapendeza macho. Kinachofuata si kinywaji tena, ni dawa ya kufukuzia wadudu. Ukali unaoutaka ukifika, chuja kwa chujio, kisha kwa kitambaa safi, utupe pilipili. Kuitoa huzuia ukali usiongezeke, lakini haupunguzi uliokwisha kuingia. Ikiwa imezidi, dawa ni kuizimua kwa pombe ile ile isiyo na pilipili, nusu kwa nusu. Sukari hufunika, haiondoi.

Kamwe usiipashe moto ili kuharakisha. Mvuke wa pombe ya asilimia 40 waweza kushika moto kwenye joto la nyuzi 26 hivi, na mchana wa Dar es Salaam hupita hapo bila jiko. Mwisho bandika karatasi kwenye chupa: ni nini, tarehe gani, kali kiasi gani. Mtumishi wa serikali hawezi kuacha kitu bila kumbukumbu.

Matumizi yake ni mengi. Waukraine na Warusi hunywa vodka ya pilipili tangu zamani. Walowezi wa Kiingereza nchini Kenya waliweka mezani chupa ndogo ya divai ya sheri iliyolowekwa pilipili, wakadondoshea matone katika supu. Mimi hupenda kokteli ya ukwaju: mililita 30 za pombe ya pilipili, mililita 150 za juisi ya ukwaju, kijiko cha chai cha asali, maji ya nusu ndimu, na barafu. Mwingine hutumia juisi ya nyanya, chumvi kidogo na ndimu. Pombe yenyewe hukaa kabatini miezi bila kuharibika. Ikishachanganywa na juisi ni chakula kama vyakula vingine, inywewe siku hiyo.

Hesabu ya wanafunzi: mililita 30 za asilimia 40 ni mililita 12 za alkoholi tupu, yaani gramu tisa na nusu hivi. Pilipili haiongezi wala haipunguzi hata gramu moja. Mgeni atakunywa polepole kwa kuwa inawasha, au haraka kwa kuwa ukwaju ni mtamu. Mwenye nyumba ndiye wa kuhesabu, na ndiye wa kushika ufunguo wa gari la mgeni wake.

Kwa wasiotumia kileo, weka pilipili zilizooshwa na kukaushwa katika siki ya mezani, zizame kabisa, uziache wiki moja au mbili. Siki ina maji mengi, kwa hiyo hunyonya polepole. Matone machache katika juisi ya ukwaju au supu ya samaki yatakupa karibu raha ile ile.

Ndugu Mwenyekiti, nimekuja sasa kwenye hatari.

Nimezungumzia kuloweka, sikuzungumzia kukeneka. Kuloweka ni kutia ladha katika kitu kilichokwisha kupimwa kiwandani. Kukeneka gongo nyumbani ni kosa kisheria, na tangu 1966 nchi yetu ina sheria mahsusi juu ya moshi. Lakini sitaki mwogope sheria peke yake.

Kijijini kwetu palikuwa na fundi baiskeli ambaye kila mtoto alimjua. Jioni moja alikunywa gongo mahali asipopazoea, gongo iliyotiwa pilipili. Kesho yake mchana alianza kuona ukungu, na baada ya siku mbili hakuona tena. Madaktari walisema ni methanoli. Niliporudi likizo kutoka chuo nilikwenda kumsalimu, nikamwuliza kama hakuhisi lolote alipoinywa. Akanijibu, "Ilikuwa kali, mwanangu, nikajua ni nzuri."

Hilo ndilo linaloniuma. Methanoli huwezi kuitambua kwa ulimi wala kwa pua; hufanana mno na ethanoli tunayokunywa. Mara nyingi huingia katika pombe kwa sababu mtu ameongeza spiriti ya viwandani ili apate faida. Mwilini hugeuka asidi ya fomiki, nayo hushambulia neva ya macho. Nairobi, Novemba 2000, pombe ya namna hiyo iliua watu zaidi ya 100, na wengine wakapofuka. Hila ya pilipili nayo si ngeni: mkemia Friedrich Accum aliandika London mwaka 1820 jinsi wauzaji walivyotia pilipili katika pombe iliyozimuliwa ili mnywaji aione kali.

Basi shikeni haya. Kinywaji kisicho na lebo, kilichotiwa pilipili, tangawizi au kitu chochote cha kuwasha, kikataeni, hata kama anayekikaribisha ni rafiki. Mtu akinywa, kisha saa 12 au hata 24 baadaye akaumwa kichwa, akatapika, akaona ukungu au weupe mbele ya macho, msimwache alale mkidhani ni uchovu wa pombe. Mkimbizeni hospitali, mchukue na chupa, mseme wazi alikunywa nini. Dawa ipo, ila haingoji aibu. Nanyi wanafunzi, mwenzenu akipatwa na hayo, mwambieni mwalimu wa zamu usiku ule ule. Adhabu huisha, macho hayarudi.

Chupa yangu ya kabatini ina pilipili kwa ajili ya ladha, na kila aliyeionja anajua kilichokuwamo kabla ya pilipili. Nawaombeni nanyi msimimine kitu katika glasi ya mtu mwingine msichoweza kumweleza kimetoka wapi.

Nipo tayari kwa maswali, hasa ya Kidato cha Nne kuhusu myeyuko. Na mwanachama yeyote mwenye pilipili mbuzi bustanini kwake, asiondoke kabla hatujaonana.