Mwalimu Aliyekubali Kuupoteza Uwaziri



Nimeombwa nizungumze juu ya marehemu Masinde Muliro. Nitaongozwa na swali moja: mwanasiasa aliyechaguliwa na watu wa kwao ana deni gani kwa taifa zima?

Muliro alizaliwa mwaka 1922 huko Matili, karibu na Kimilili. Alisoma hadi Chuo Kikuu cha Cape Town, akarejea nyumbani na kushika chaki. Alifundisha magharibi ya jiji hili, katika shule ya wasichana ya Kikuyu ijulikanayo leo kama Alliance Girls, kisha Chuo cha Walimu cha Siriba. Machi 1957, Waafrika walipochagua wajumbe wao wa Baraza la Kutunga Sheria kwa mara ya kwanza, alimshinda W. W. W. Awori katika Nyanza Kaskazini. Wajumbe hao walikuwa wanane tu, na Odinga, Ngala na Moi, walimu pia, walikuwa miongoni mwao. Siasa zetu zilianzia ubaoni.

Mwaka 1960 alikuwa mmoja wa waasisi wa KADU, chama kilichotetea majimbo kwa kuwa jamii ndogo zilihofia kumezwa. Hofu hiyo ilikuwa na sababu, ingawa yafaa tukiri kwamba hofu ya namna hiyo ikilelewa mno huzaa ukabila. Novemba 1964 KADU ilivunjwa, wafuasi wake wakaingia KANU. Baadaye Muliro akawa waziri.

Hapo ndipo alipopimwa. Machi 1975 J. M. Kariuki, Mbunge wa Nyandarua Kaskazini, aliuawa. Kamati ya Bunge ilichunguza, ikaleta ripoti isiyoipendeza serikali. Sisi wanasheria twaijua kanuni ya uwajibikaji wa pamoja: waziri hupiga kura na serikali yake. Muliro aliiunga mkono ripoti, na Rais Kenyatta akamwachisha kazi, pamoja na mawaziri wasaidizi John Keen na Peter Kibisu.

Wapo watakaosema alipaswa kujiuzulu kwanza. Kwa kanuni, hoja yao ina uzito. Lakini kanuni hiyo iliwekwa ilinde sera za serikali. Haikuwekwa ifunike damu. Tena marehemu Kariuki hakuwa mtu wa kwao Muliro, wala hakuwa na kura hata moja ya kumpa. Hilo ndilo jibu lake kwa swali letu.

Agosti 1991, pamoja na Odinga, Shikuku, Bamahriz, Gachoka na Nthenge, alianzisha FORD, wakati kifungu cha 2A cha mwaka 1982 kilikuwa kingali kikiruhusu chama kimoja tu. Novemba 16 mkutano wa Kamukunji ulipigwa marufuku na polisi wakautawanya umati. Desemba kifungu hicho kikaondolewa. Muliro hakuuona uchaguzi. Alifariki Agosti 14, 1992, alipowasili katika uwanja wa ndege wa Nairobi akitoka London.

Ufa ulikuwa umekwisha kuonekana ndani ya FORD. Kabla ya uchaguzi nyumba ikawa mbili: Odinga na wenzake Agip House, hapa mjini, Matiba na wenzake Muthithi House, kule Westlands. Desemba 29 Moi alishinda kwa takriban asilimia 36 ya kura. Kura za Matiba na za Odinga zikijumlishwa zilizidi zake.

Wengi husema kwamba Muliro angeishi, FORD isingevunjika. Mimi siwezi kuapa hivyo. Nasema tu kwamba chama kinachosimama kwa uhai wa mzee mmoja kina mpatanishi, hakina katiba.

Katiba ya mwaka 2010 imetupa kaunti 47, imetangaza nchi hii kuwa ya vyama vingi, na imewatenga mawaziri na ubunge. Hata hivyo hakuna kifungu kiwezacho kumpa mtu moyo wa kumtetea asiye wa kwao. Kazi hiyo imebaki kwetu. Basi mrudipo mitaani na makanisani, kila ajaye kuomba kura mwulizeni: ni lini ulimtetea mtu asiye wa kabila lako, na ulipoteza nini?