Tunajuaje ya Kuwa ni Kweli?

Somo: Luka 1:1-4, 1 Wakorintho 15:1-8



Siku moja, baada ya ibada ya Jumapili, mzee mmoja wa kanisa alitujia akiwa amefadhaika. Mwanawe alikuwa amerudi nyumbani kwa likizo kutoka shule ya sekondari. Jioni, Biblia ilipofunguliwa kwa sala ya jamaa, kijana akauliza, "Baba, kitabu hiki kilinakiliwa kwa mikono miaka mingi sana. Unajuaje kwamba hakikuharibiwa njiani?" Mzee alimkemea, akamwambia kuuliza hivyo ni dhambi. Kijana akanyamaza. Tangu jioni ile hakuketi tena na jamaa wakati wa sala.

Mzee alitaka tumwonye mtoto wake. Sisi tulimjibu kwa upole, "Mzee wetu, kijana alikuuliza njia, nawe ukamfungia mlango." Wahenga walisema kuuliza si ujinga. Tomaso alipotaka kuona alama za misumari, Bwana hakumfukuza, bali alimwonyesha mikono yake. Naye Luka, mwanzoni mwa Injili yake, amwambia Theofilo kwamba amechunguza mambo yote kwa uangalifu, ili apate kuwa na hakika. Imani yetu haiogopi kuchunguzwa.

Basi, na tumjibu kijana huyu. Ndani ya swali lake mna maswali mawili. La kwanza: maneno haya yametufikia salama? La pili: wale walioyasema kwanza walisema kweli?

Tuanze na la kwanza. Kwa muda mrefu, nakala kubwa za Kiebrania zilizojulikana kuwa za kale zaidi zilikuwa za karne ya 10 na ya 11 baada ya Kristo. Moja iliyo kamili, ambayo hata leo hutumiwa na wafasiri, iliandikwa karibu mwaka wa 1008. Isaya alihubiri zaidi ya miaka 1,600 kabla ya hapo. Kweli, mtu aweza kuuliza: katika safari ndefu hivyo, ni nani ajuaye yaliyotukia?

Mnamo mwaka wa 1947, wachungaji wa Kibedui walikuta mitungi katika pango huko Qumran, karibu na Bahari ya Chumvi. Ndani yake mlikuwa na magombo ya kale. Moja lilikuwa la ngozi, lenye urefu wa zaidi ya mita 7, nalo lina sura zote 66 za Isaya. Wataalamu walipolipima waliona kwamba liliandikwa miaka 100 na zaidi kabla Bwana wetu hajazaliwa. Kwa hatua moja tulirudi nyuma zaidi ya miaka 1,000!

Walipolilinganisha na nakala zile za baadaye, waliona nini? Tuseme ukweli: waliona tofauti. Nyingi ni za tahajia tu, na nyingine ni za maneno. Kwa mfano, katika Isaya 53:11 gombo lile lina neno "nuru" ambalo nakala za baadaye hazina. Lakini Mtumishi aliyejeruhiwa kwa ajili ya makosa ya wengine yumo vile vile. Ujumbe haukugeuka. Tena, kwa kuwa gombo hili ni la kabla ya Kristo, hakuna awezaye kusema ya kuwa Wakristo waliutunga unabii huu baada ya msalaba.

Sasa swali la pili. Ninyi mnajua jinsi wazee wanavyoamua kesi ya mpaka wa shamba. Huuliza, "Ni nani aliyekuwapo mpaka ulipowekwa?" Na mashahidi watatu wakisema maneno yale yale, neno kwa neno, wazee hutazamana, maana wanajua wamefundishwa. Mathayo ataja malaika mmoja kaburini. Luka ataja watu wawili. Lakini wote washuhudia jambo moja: kaburi lilikuwa tupu, naye Bwana yu hai. Tena wasema kwamba wanawake ndio waliotangulia kufika. Siku zile ushuhuda wa mwanamke haukupewa uzito mkubwa. Mtu anayetunga hadithi ili aaminiwe, kwa nini achague mashahidi ambao watu watawadharau?

Paulo aliwaandikia Wakorintho yapata miaka 25 tu baada ya msalaba. Asema Bwana aliyefufuka aliwatokea ndugu zaidi ya 500 kwa pamoja, na wengi wao walikuwa wangali hai. Hebu tufikiri. Tarehe 7 Agosti 1998 bomu lililipuka katika ubalozi wa Marekani jijini Nairobi, na watu zaidi ya 200 wakafa. Miaka zaidi ya 25 imepita. Mtu akisimama leo kuzitunga habari za siku ile, watakaomkanusha ni wengi: waliojeruhiwa, waliofiwa, waliochimbua vifusi. Paulo alisema neno lake kukiwa na watu wa namna hiyo, kana kwamba anasema, "Nendeni mkawaulize."

Na mashahidi hao walipata faida gani? Yakobo, ndugu yake Yohana, aliuawa kwa upanga wa Herode. Mtu aweza kufa kwa ajili ya uongo aliodanganywa na wengine. Ni vigumu afe kwa ajili ya uongo anaojua ameutunga mwenyewe.

Wapenzi, ushahidi huu watufikisha mlangoni, hautuingizi ndani. Gombo la Qumran laonyesha kwamba neno lilitunzwa, lakini haliwezi kutubu kwa niaba yetu. Na tusisahau kwamba jirani zetu hawasomi Kiebrania. Wanatusoma sisi, sokoni, kazini na nyumbani.

Mzee yule alirudi kwake, akamwita mwanawe, akamwambia, "Nisamehe. Mimi nami sijui yote. Na tutafute pamoja." Siku nyingi baadaye alituambia kwamba kijana ameketi tena na jamaa jioni. Maswali hayajaisha. Lakini sasa anayauliza Biblia ikiwa wazi mbele yao.

Na tuombe. Ee Bwana, wewe uliyemwonyesha Tomaso mikono yako, usitupite sisi wenye mashaka. Wape wazazi uvumilivu, wape vijana moyo wa kutafuta, nasi sote tupate kukujua wewe uliye Kweli. Amina.