Kusamehe na Kurudisha: Njia ya Masikilizano
(Maneno yaliyosemwa mbele ya wakristu wa parokia katika siku za kutayarisha yubile)



Tumeombwa kusema nanyi juu ya masamaha na masikilizano, katika siku hizi ambamo parokia yetu inajitayarisha kwa yubile ya miaka 50. Inafaa kwanza tuulize neno hili yubile limetoka wapi. Katika kitabu cha Walawi, sura ya 25, Mungu aliwaamuru Waisraeli wahesabu miaka saba mara saba, kisha wautakase mwaka wa 50. Baragumu ya mwaka ule haikupigwa siku yoyote tu. Ilipigwa siku ya kumi ya mwezi wa saba, ndiyo Siku ya Upatanisho, taifa zima lilipoomba kuondolewa dhambi zake. Tena katika mwaka huo kila mtu alirudia urithi wake: shamba lililouzwa kwa sababu ya umaskini lilirudi kwa jamaa yake, na Mwisraeli aliyejiuza kuwa mtumishi alirudi kwao akiwa huru. Basi, wapendwa, yubile imezaliwa na mambo mawili pamoja: kuomba masamaha, na kurudisha. Anayeshika moja na kuliacha la pili atakuwa na ngoma na nyama ya karamu, lakini yubile hana.

Neno letu la leo ni hilo moja. Kusamehe ni zawadi, na mtu aliyekosewa aweza kuitoa hata akiwa peke yake. Lakini masikilizano ni njia ya watu wawili, na yule aliyekosa hawezi kuipita mikono mitupu.

Tutazame kwanza zawadi. Mwamjua wote Mwenye Heri Anuarite Nengapeta, mtawa wa Shirika la Jamaa Takatifu, mzaliwa wa upande wa Wamba. Tarehe 29 Novemba 1964, waasi wa Simba walifika kwenye nyumba ya watawa ya Bafwabaka, wakawachukua kwa kamyo mpaka Isiro. Usiku wa kuamkia tarehe 1 Desemba, mkubwa mmoja wa waasi alitaka kumtwaa kwa nguvu. Anuarite alikataa, akapigwa, na kabla ya kufa alimwambia mtu yule kwamba anamsamehe, kwa kuwa hajui anachofanya. Alikuwa na miaka 24. Hakungoja kuombwa, wala hakupima kama muuaji amestahili. Alifanya kama Bwana wetu msalabani. Na tarehe 15 Agosti 1985, huko Kinshasa, nchi ilipokuwa ikiitwa Zaire, Papa Yohane Paulo wa Pili alimtangaza Mwenye Heri, akasema kwamba yeye naye, kwa mfano wa Anuarite na kwa jina la Kanisa lote, anamsamehe aliyemwua.

Papa huyo alijua alilolisema. Tarehe 13 Mei 1981 alikuwa amepigwa risasi mwenyewe katika uwanja wa Mtakatifu Petro. Siku nne tu baadaye, angali hospitalini, alitangaza kwamba amemsamehe aliyempiga. Na tarehe 27 Desemba 1983 alimtembelea ndani ya gereza huko Roma. Lakini mlango wa gereza haukufunguliwa siku ile. Mfungwa yule alikaa katika magereza ya Italia mpaka mwaka 2000. Je, Papa alisamehe nusu? Sivyo. Katika barua yake juu ya huruma ya Mungu, ya mwaka 1980, alikuwa amekwisha kufundisha kwamba masamaha hayafuti madai ya haki. Anayesamehe anaacha chuki na kisasi. Haupi uovu jina la wema, wala hamwondolei mkosaji mzigo wa kutengeneza alichoharibu.

Sasa tutazame upande wa mkosaji. Zakeo, mkubwa wa watoza kodi wa Yeriko, alipompokea Yezu nyumbani mwake, hakuishia kwenye maneno matamu. Alisimama, akaahidi nusu ya mali yake kwa maskini, na kumrudishia mara nne kila mtu aliyemdhulumu. Ndipo Yezu akatangaza kwamba wokovu umefika katika nyumba ile. Mahali pengine Bwana wetu anafundisha kwamba mtu aliye na sadaka yake mbele ya altare, akikumbuka kwamba ndugu yake ana neno juu yake, aiache pale, aende kwanza kupatana naye. Walimu wa kale wa Wayahudi nao walishika jambo hilo hilo: Siku ya Upatanisho huondoa makosa kati ya mtu na Mungu, lakini makosa kati ya mtu na mwenzake haiyaondoi, mpaka kwanza amemtuliza huyo mwenzake. Na Kanisa letu, katika Mtaguso wa Trento, mwaka 1551, lilifundisha kwamba anayetubu ana mambo matatu ya kutenda: majuto, maungamo na malipizi. Wengi wetu twapenda la pili, kwa kuwa linakwisha upesi.

Mwandishi Manzoni wa Italia, katika kitabu chake kikubwa kilichotoka mara ya kwanza mwaka 1827, anatueleza habari ya kijana tajiri, jina lake Lodovico. Aligombana njiani na bwana mmoja juu ya nani ampishe mwenzake. Katika ugomvi ule mtumishi wake Cristoforo aliuawa, naye Lodovico akamwua bwana yule. Mambo ya bure kabisa, na watu wawili wamekufa! Lodovico aliwapa mjane na watoto wa mtumishi mali yake, akaingia utawa, akachukua jina la Cristoforo ili kosa lake lisisahauliwe. Kisha akaenda nyumbani kwa ndugu ya yule aliyemwua, akapiga magoti mbele ya jamaa yote iliyokusanyika. Ndugu yule alimsamehe, akamwalika kwa vyakula vizuri. Mtawa akaomba mkate tu, uwe alama ya masamaha, na kipande chake akakitunza miaka mingi. Hapa twaona yote mawili yakikutana: mmoja amesamehe, na mwingine amelipa alichoweza.

Lakini itakuwaje mkosaji asipokuja? Jankélévitch, mwalimu wa filosofia huko Paris, alikuwa Myahudi aliyeshuhudia mateso ya taifa lake mikononi mwa utawala wa Hitler. Aliandika kwa uchungu kwamba ni vigumu kusema juu ya masamaha, wakati hakuna aliyekuja kuyaomba. Mwaka 1980 mwalimu mmoja Mjerumani, ambaye mwenyewe hakuua mtu, alimwandikia barua ya huzuni na unyenyekevu. Jankélévitch alijibu kwamba barua ya namna hiyo ameingoja miaka 35, akamkaribisha nyumbani kwake. Wapendwa, miaka 35 kwa barua moja! Ni wangapi katika parokia hii wanaongoja mlangoni neno ambalo hatujalipeleka?

Twajua pia kwamba wengine katikati yetu wameteswa na watu wasiotubu, wenye silaha mpaka leo. Tusimlazimishe mama aliyeumizwa aseme kwamba yamekwisha, wakati moyo wake ungali unatoka damu. Papa Fransisko alipofika Kinshasa, tarehe 1 Februari 2023, aliwapokea watu walioteswa katika mashariki ya nchi yetu. Aliwasikiliza kwanza. Walieleza yote waliyotendewa, wakaweka chini ya msalaba vyombo vilivyofanana na vile vilivyowaumiza, panga likiwa mojawapo, na wakatamka masamaha yao. Kweli ilitangulia.

Wazee wetu hawakuwa mbali na mafundisho haya. Katika barza, kosa husemwa waziwazi mbele ya mashahidi. Mkosaji huleta mbuzi au kuku. Na pande mbili hula pamoja. Anayetaka kula kabla kosa halijatajwa, barza inamrudisha.

Basi twawaomba mambo matatu kabla ya Misa ya yubile.

La kwanza: aliyesogeza mpaka wa shamba la jirani, aliyemfukuza mjane katika nyumba ya marehemu, aliyekaa juu ya mali ya waliokimbia vita, aliyekopa na kunyamaza, aende akarudishe. Asiyeweza kurudisha yote, aanze kwa sehemu, mbele ya shahidi.

La pili: aliyekosewa, naye apokea mkosaji mlangoni, asimwaibishe mbele ya watoto wake. Na kama mkosaji amekufa au hataki kuja, amwombe Anuarite amsaidie kuutua mzigo wa chuki.

La tatu: wazee wa kila shirika wakae barza kwa wale wanaopeana amani kanisani na nje hawasalimiani. Wasifanye haraka, wala wasipendelee jamaa zao.

Baragumu ya yubile yetu bado haijapigwa, na njia ya kwenda kwa jirani ni fupi. Mungu atupe sisi sote nguvu ya kuipita. Amina.