Kiatu cha Kwenye Simu



Tuanzie Baghdad, halafu turudi tao. Desemba 14, 2008, mwanahabari Muntadhar al-Zaidi alimrushia Rais George W. Bush viatu vyake viwili mbele ya kamera. Havikumpata. Siku chache baadaye intaneti ikajaa michezo ya kumlenga Bush na kiatu. Mmoja uliitwa Sock and Awe. Dunia ikarusha, ikacheka, ikahesabu pointi. Na mwenye viatu? Alihukumiwa miaka 3, ikapunguzwa ikawa 1, akakaa ndani miezi 9.

Sasa njoo nyumbani. Kibet Bull alichora Rais Ruto kama kivuli cheusi. Wewe wa Kawangware, yule wa Kangemi, na sisi wa hapa tao, tulizituma hizo picha kwa kidole kimoja, tukacheka. Desemba 24, 2024, akatoweka hapa hapa Nairobi. Akaonekana tena Januari 6, 2025.

Sisemi msicheke. Kiongozi ni mtumishi wetu, na kifungu cha 33 cha Katiba kinalinda kujieleza, sanaa ikiwemo. Ila hakilindi chuki. Cheka kodi aliyoongeza, cheka ahadi aliyovunja. Usicheke kabila lake, dini yake wala maumbile yake. Surat Al-Hujurat, aya ya 11, mnaijua.

Lakini pointi za mchezo hazimtoi mtu seli. Ukishacheka kazi ya msanii, una deni kwake. Akichukuliwa, andika pahali, saa na namba ya gari. Pigia familia na wakili kwanza, kupost baadaye. Nendeni polisi, si mmoja peke yake, muulize kama jina lake limeandikwa kwenye OB. Kifungu cha 49 kinasema afikishwe kortini ndani ya saa 24, au siku ya korti inayofuata kama saa hizo zimeishia korti ikiwa imefungwa. Wakisema hawana mtu kama huyo, wakili aende Mahakama Kuu pale Milimani, aombe jaji aamuru mtu huyo aletwe mbele yake.

Kurusha kiatu kwenye simu ni bure. Anayerusha cha kweli ndiye hulipa, na hafai kulipa peke yake. Kwa hivyo leo usitoke hapa bila namba ya wakili kwenye simu yako.