Hadithi Inasukuma Nini? Mhadhara wa Umma, Luberizi



Nimekuja kuomba idara. Vyuo vikuu vina idara za fizikia na idara za fasihi, na katikati yake pana uwanja usio na mwenyewe. Ninayoitaka ingeipima hadithi kama wahandisi wanavyoyapima maji ya mto Ruzizi kule kwenye mabwawa ya umeme: inasukuma nini, kwa kiasi gani, kuelekea wapi. Na mahali pake ni hapa bondeni, ambapo habari iliyozuka Bwegera asubuhi inaweza kufunga soko la Sange kabla ya saa sita mchana, hata kama hakuna risasi iliyolia.

Naanza na ushahidi mchungu, wa jirani zetu. Mwaka 1994 redio ya RTLM ilipokuwa ikirusha chuki Rwanda, mawimbi yake yalikuwa kama mawimbi mengine yote ya FM: yakikuta mlima, yanakatika. Mchumi David Yanagizawa-Drott aliifanya milima hiyo kuwa mizani yake. Alilinganisha sehemu zilizoipata redio na sehemu zilizofichwa na vilima, na mwaka 2014 akachapisha makadirio yake: kama watu 51,000 walioshiriki mauaji ya kimbari, takriban asilimia 10 ya washiriki wote, walisukumwa na redio hiyo. Mwanasayansi wa siasa Scott Straus alikuwa ameonya tangu 2007 kwamba redio isibebeshwe mzigo wote, kwa sababu wengi walivutwa na viongozi na majirani waliowajia uso kwa uso. Onyo hilo nalipokea. Hata hivyo, kilima kinachoweza kumkinga mtu asigeuke muuaji ni jambo ambalo chuo kikuu hakina haki ya kulipita.

Mwili nao unatoa ushahidi. Mwaka 2021 watafiti walionyesha kwamba watu wanaosikiliza hadithi ile ile, kila mmoja peke yake, mapigo ya mioyo yao huenda kasi na kupungua katika sehemu zile zile. Wakipewa hesabu ya kufanya kichwani huku hadithi ikiendelea, ulinganifu huo hupungua.

Lakini mwenye kunifundisha zaidi ni mwanasaikolojia Elizabeth Levy Paluck. Huko Rwanda alifuatilia kwa mwaka mzima mchezo wa redio wa Musekeweya, ulioanza kurushwa 2004, unaosimulia vijiji viwili vyenye uhasama. Matokeo yake, yaliyotoka 2009, yanashangaza: waliosikiliza hawakubadili sana imani zao za ndani, ila walibadili fikra zao kuhusu yale ambayo wenzao wanayaona kuwa sawa. Na matendo yakafuata. Vikundi vilipoachiwa redio-kaseti, waliousikia mchezo walielekea kuitunza kwa pamoja, wakati wengine waliona ni afadhali kiongozi wa eneo aishike.

Kisha akaja upande wetu, Kongo mashariki. Sehemu moja ilisikia mchezo wa redio peke yake. Sehemu nyingine zilipata mchezo pamoja na kipindi cha kuwahimiza watu wazungumze juu yake. Nani asingetegemea kwamba mazungumzo yataleta upole? Mwishoni wasikilizaji walipewa chumvi, wakaulizwa kama wangetoa sehemu yake kwa watu wa kundi wasilolipenda. Waliohimizwa kuzungumza walizungumza kweli, lakini walikumbuka machungu zaidi, wakawa wagumu zaidi, na chumvi yao wakaishika. Matokeo hayo yalichapishwa 2010. Kwangu ndiyo habari kubwa kuliko zote kuhusu hadithi katika Kivu: nguvu ile ile iligeuka uelekeo baada ya hadithi kwisha, pale watu walipoachwa na maneno yao.

Hapo ndipo namkumbuka msimulizi Candi Rureke wa Walikale. Mwaka 1956 alimwimbia, akamsimulia na kumchezea mwanaanthropolojia Daniel Biebuyck utenzi wa Mwindo, shujaa wa Wanyanga, kwa siku 12. Kitabu kikatoka 1969, kazi ya Biebuyck pamoja na Kahombo Mateene. Wanyanga husema Karisi, mbali na kuwa jina la utenzi, ni roho inayomjia mtu ndotoni na kumtaka ajifunze kuusimulia. Msimulizi hakuwa peke yake kamwe: walikuwapo waliogonga ala, waliopokea nyimbo, waliomtuza papo hapo. Naamini utaratibu ule ulikuwa na kazi ambayo kipindi cha redio hakikuijua. Msikilizaji alishatoa kitu kwa mkono wake kabla hajapewa nafasi ya kutoa malalamiko yake.

Naweza kuwa nimekosea, na ndiyo sababu naomba idara badala ya kuhubiri. Kazi yake ya kwanza iwe hapa hapa, Luberizi na vijiji vya jirani, kwa Wafuliiru, Warundi, Wavira na Wanyamulenge, kwa ridhaa yao. Hadithi moja isimuliwe katika vikundi vitatu: kimoja kitawanyike mara inapokwisha, cha pili kiachwe kizungumze kinavyotaka, cha tatu kipokee nyimbo na kumtuza msimulizi kwa desturi ya wazee. Baadaye kila mtu apewe mfuko wa chumvi na aulizwe swali lile lile. Chumvi itakayotolewa ipimwe kwa gramu, na hesabu zisomwe hadharani, mbele ya vikundi vyote vitatu, hata zikiwa za kutuaibisha.