Mabehewa Yanayorudi Matupu



Sisi watu wa reli hatuhitaji vitabu vikubwa ili tufahamu biashara ya mataifa. Yatosha kusimama kando ya njia Mombasa na kuhesabu. Makontena yapandayo Nairobi yamejaa nguo, vyuma na mashine. Yashukayo, mengi hayana kitu. Hapo twaona kwamba nchi yetu hununua ng'ambo vingi kuliko iuzavyo.

Na hivyo tuuzavyo, bei yake haitoki kwetu. Mama auzaye mayai stesheni hutaja bei, mnunuzi hupunguza, nao hupatana. Mkulima wa kahawa hataji. Kahawa yake huuzwa mnadani Nairobi, lakini bei hufuata ile ya soko la New York. Mwezi wa Julai 1975 baridi kali iliua mibuni ya Brazili. Kahawa ikawa haba duniani, na wakulima wetu wakapata fedha nyingi mwaka 1976 na 1977. Si kwamba walilima zaidi. Wenzao walikuwa wamepata hasara.

Kisha, Julai 1989, nchi ziuzazo na zinunuazo zilishindwa kupatana juu ya kiasi ambacho kila nchi iuze, mpango ulioanza kwa mapatano ya 1962. Kahawa ikamwagwa sokoni, bei ikaanguka. Lakini bei ya injini za gari la moshi haikuanguka pamoja nayo. Basi magunia yaliyotosha kununua injini moja, sasa hayakutosha tena.

Jambo hili latuhusu sana. Shehena ikipungua, wa kwanza kuambiwa arudi nyumbani ni kibarua. Hatusemi biashara na ng'ambo iachwe. Bila meli bandarini, sisi hatuna kazi. Twasema kahawa isiondoke mbichi, ikakaangwe kwingine, na faida ya kukaanga ibaki huko huko. Ikaangwe hapa, itiwe mikebeni hapa, na vijana wetu waajiriwe.

Kwa hiyo, ndugu, tukienda kuzungumza na wakubwa juu ya mishahara, tuwaulize na hili pia: mabehewa yanarudi Mombasa na nini? Maana mshahara wetu umo ndani yake.