Ua la Uani, Dawa ya Hospitali

Haya ni maneno ya Afisa wa Mawasiliano ya Umma wa kaunti katika kikao cha wahamasishaji wa afya ya jamii na wazazi kilichofanywa kuadhimisha Siku ya Kimataifa ya Saratani ya Watoto, Februari 15. Tunayachapisha kwa manufaa ya wakazi ambao hawakuweza kuhudhuria.

 

Mimi si daktari. Nilisomea uanahabari, na kazi yangu katika kaunti ni kuwauliza wataalamu maswali, kisha kuwaletea majibu kwa lugha tunayozungumza sokoni. Wahudumu wetu wa afya wameketi hapa mbele. Nikiteleza, wanisahihishe.

Leo nimekuja na ua. Litazameni. Lina petali tano za rangi ya waridi, na katikati kuna kijicho cheusi kidogo. Mengine huwa meupe. Hakuna asiyelijua hapa Pwani. Linaota uani, kando ya barabara na makaburini, hata penye mchanga mkavu. Mbuzi wanaokula kila kitu, hili huliruka. Asili yake ni Madagaska, na kwa jina lingine huitwa vinka.

Nyumbani kwetu lilikuwa kando ya mtungi wa maji. Marehemu shangazi yangu alikuwa na kisukari. Jirani mmoja, kwa nia njema kabisa, akamwambia achemshe majani yake anywe asubuhi na jioni. Shangazi akanywa. Baada ya wiki chache akaviweka kando vidonge vya kliniki, maana aliamini amepata dawa ya bure. Usiku mmoja tukambeba akiwa hajitambui. Sukari ilikuwa imepanda kupita kiasi. Alipozinduka, daktari akamuuliza, "Mama, umekuwa ukitumia nini?" Akanyamaza. Aliona haya kutaja yale majani, nasi wenyewe hatukuthubutu kumsemea.

Alipona safari hiyo. Lakini swali lile lilinikaa moyoni, na nilipoanza kazi hii nikalifuatilia. Je, lile ua ni dawa au si dawa?

Jibu ni kwamba dawa imo. Ila si ile aliyoitafuta shangazi, na haipatikani kwa njia aliyoitumia.

Mimea mingi hutengeneza kemikali za kujilinda zinazoitwa alkaloidi. Nyingi ni chungu, na kiasi kidogo tu hutosha kuugusa mwili. Mnazifahamu bila kujua jina. Kafeini ya kahawa ni alkaloidi. Nikotini ya tumbaku ni alkaloidi. Kathinoni ya miraa na muguka ni alkaloidi. Kwinini iliyotibu malaria kwa karne nyingi ilitoka katika gamba la mti. Mofini inayotuliza maumivu makali hutoka katika mmea pia. Ua hili dogo peke yake lina alkaloidi zaidi ya mia moja, na mojawapo inaitwa vinkristini.

Habari yake inaanza na watu kama shangazi yangu. Huko Jamaica watu walikuwa wakinywa chai ya majani haya kwa ajili ya kisukari. Mwaka 1952, majani machache yakatumwa Kanada kwa daktari mmoja, Clark Noble, naye akampa ndugu yake, Robert Noble, aliyekuwa mtafiti. Robert akawanywesha panya maji ya majani hayo. Sukari yao haikushuka. Alipowadunga sindano yenye dondoo la majani, panya walikufa kwa maambukizi, kwa sababu chembe nyeupe za damu zilikuwa zimepungua mno. Mtafiti mwingine angeutupa mmea ule. Noble akajiuliza: kama kitu hiki kinapunguza chembe nyeupe, kitafanya nini kwa saratani ya damu, ambapo chembe nyeupe huzaana bila breki? Yeye na mwenzake Charles Beer wakaichuja alkaloidi ya kwanza, vinblastini, na kuitangaza mwaka 1958. Vinkristini ikafuata, na kufikia mwaka 1963 ilikuwa imeidhinishwa kutumika Marekani.

Sasa inafanyaje kazi mwilini? Seli moja inapotaka kuwa mbili, kwanza hunakili maagizo yake yote ya uhai. Kisha hutandaza nyuzi nyembamba kutoka upande mmoja hadi mwingine. Nyuzi hizo huzivuta nakala, moja huku na nyingine kule, kama wavuvi wanavyovuta jarife kutoka pande mbili. Nyuzi zenyewe hujengwa kwa vipande vya protini inayoitwa tubulini, kimoja juu ya kingine, mfano wa matofali.

Vinkristini hunata kwenye yale matofali. Yakishanatwa hayapangiki tena, na nyuzi hazijengeki. Seli imeshajiandaa kugawanyika, lakini haina kamba za kuvutia. Inakwama katikati ya kazi, kisha inakufa.

Kwa hiyo dawa hii huziumiza zaidi seli zinazogawanyika kwa haraka. Saratani ndiyo hufanya hivyo. Lakini mizizi ya nywele nayo hugawanyika haraka, ndiyo maana mtoto anayetibiwa hunyonyoka nywele. Zitaota tena. Mishipa ya fahamu nayo hutumia nyuzi kama hizo kusafirishia mizigo yake, ndiyo maana mtoto anaweza kuhisi ganzi vidoleni, kujikwaa anapotembea, au kufunga choo. Mzazi akiyaona haya asikimbie na mtoto nyumbani. Amwambie daktari, kuna namna ya kumsaidia.

Kwa nini nawaeleza haya ninyi wa Pwani? Mwaka huohuo wa 1958, daktari mpasuaji Denis Burkitt, aliyekuwa akifanya kazi Hospitali ya Mulago huko Uganda, aliandika kuhusu watoto waliovimba mataya. Baadaye, mwaka 1961, alisafiri kwa gari kupitia nchi nyingi za mashariki na kusini mwa Afrika akiuliza hospitali baada ya hospitali kama zimeuona ugonjwa huo. Ulikuwa zaidi kwenye maeneo ya joto na mvua, yale yale yenye malaria nyingi. Leo unaitwa limfoma ya Burkitt, na hapa Kenya unaonekana hasa kandokando ya Ziwa Victoria na huku kwetu Pwani. Huwapata sana watoto wa kati ya miaka 4 na 7.

Ni katika saratani zinazokua kwa kasi kuliko zote. Uvimbe unaweza kuongezeka maradufu ndani ya siku moja au mbili. Mtoto aliyelala Ijumaa na kijivimbe kidogo shavuni, Jumatatu jicho limeanza kusukumwa nje.

Kasi hiyo inatisha, lakini ndiyo pia udhaifu wake. Kwa sababu seli zake zinagawanyika bila kupumzika, dawa inayovizia mgawanyiko huzikuta zote njiani. Vinkristini ikitolewa pamoja na dawa nyingine, uvimbe unaweza kuyeyuka mbele ya macho ya mama. Limfoma ya Burkitt inatibika na kupona kabisa. Sharti ni mtoto afike mapema na amalize matibabu.

Hapo ndipo tunapoumia. Shirika la Afya Duniani linasema kwamba katika nchi tajiri, zaidi ya watoto 80 katika kila 100 wenye saratani hupona. Katika nchi nyingi za kipato cha chini na cha kati hawafiki 30. Aina ya ugonjwa ni ile ile, na dawa ni zile zile. Kuna mambo ya uhaba wa vifaa na wataalamu, na hayo ni jukumu letu sisi serikali. Lakini kuna siku zinazopotea kabla mtoto hajaonwa na daktari. Siku za kung'oa jino ambalo si bovu. Siku za kutafuta nani kamroga. Siku za kuchemsha majani.

Naona mama mmoja ameinua mkono. Anauliza: kama dawa imo kwenye ua, kwa nini tusilichemshe wenyewe? Ahsante, mama, swali zuri. Sababu ni tatu.

Kwanza, kiasi. Ili kupata gramu moja ya vinkristini, kiwanda huhitaji nusu tani ya majani makavu, au zaidi. Mgonjwa hupewa miligramu chache tu, kwa kawaida zisizozidi 2 kwa dozi moja, zikipimwa kulingana na ukubwa wa mwili wake. Birika halina mizani ya namna hiyo.

Pili, njia. Dawa hii hutiwa kwenye mshipa wa damu tu. Ikivuja nje ya mshipa huunguza nyama. Ikiingizwa kwa makosa kwenye uti wa mgongo huua, ndiyo maana wauguzi hukagua mara mbili mbili. Mtoto akisema mkono unawaka dripu ikiendelea, mwiteni muuguzi papo hapo.

Tatu, zile alkaloidi nyingine. Ukichemsha jani hupati vinkristini pekee, unazichukua zote kwa pamoja, na mmea huu una sumu. Tena ini ndilo linalovunja vinkristini, na baadhi ya dawa, hata za fangasi, hulizuia lisifanye kazi hiyo, sumu ikabaki mwilini. Kwa hiyo ukiulizwa unatumia nini, sema yote, na majani pia. Hakuna atakayekucheka. Wahenga walisema, mficha maradhi, kifo humuumbua.

Wahamasishaji wetu, ninyi ndio mnaobisha hodi. Naomba mzikumbuke dalili hizi: uvimbe wa taya au tumbo unaokua kwa haraka, meno ya mtoto kulegea bila sababu, jicho kutokeza nje, au mng'ao mweupe ndani ya mboni, homa isiyokwisha pamoja na weupe wa viganja, michubuko isiyo na chanzo, maumivu ya mifupa yanayomwamsha usiku. Mtoto mwenye mojawapo apelekwe kituo cha afya siku hiyo hiyo, na mwombe barua ya rufaa. Hospitali za rufaa kama Coast General mjini Mombasa na Kenyatta jijini Nairobi zina vitengo vya saratani. Wazazi, jisajilini SHA mapema pamoja na watoto wenu, kwa sababu kifurushi cha saratani humkuta aliyekwisha kujisajili. Na kwa kuwa malaria ina mkono wake katika ugonjwa wa Burkitt, mtoto alale ndani ya chandarua kila usiku.

Ua hili sikuliletea ubaya. Nikirudi nyumbani nitalipanda tena kando ya mtungi, pale pale pa shangazi. Lipendezeshe uwanja, litukumbushe watoto waliopona. Lakini chai tunywe ya majani ya chai.